Gongo, Ngoe na Ubapa

Kiswahili kina ukoo mkubwa wa michezo inayotumia jina moja la mbele: mpira wa miguu, mpira wa mikono, mpira wa kikapu, mpira wa wavu, mpira wa pete, mpira wa meza, mpira wa magongo. Ukoo huu haukutungwa kwa kanuni moja. Miguu na mikono ni viungo vya mwili. Kikapu na pete ni shabaha. Wavu ni kizuizi, na meza ni mahali pa kuchezea. Gongo peke yake ni chombo ambacho mchezaji anakikamata mwenyewe kuanzia filimbi ya kwanza hadi ya mwisho. Kriketi, tenisi na gofu nayo ni michezo ya vyombo vya kushika, lakini iliingia kwetu na majina ya kwao, tukayatia irabu mwishoni, basi. Hoki ikapata yote mawili: jina la kigeni lililolainishwa, na jina la nyumbani ambalo kamusi, wizara na vyama vya michezo vinalitumia hadi leo.

Kwa hiyo jina tulilipata mapema. Maneno ya ndani ya mchezo ndiyo hatukuyapata, na naamini kwa kuyakosa tumewapoteza watu. Tanzania iliwahi kupeleka timu ya mpira wa magongo kwenye Olimpiki ya Moscow, mwaka 1980. Simama sokoni hapa Kiwira, penye ndizi na viazi vinavyosubiri malori ya kwenda Mbeya, uulize nani anaijua timu hiyo. Jina la mkimbiaji Filbert Bayi utalipata, hata kwa vijana waliozaliwa miaka mingi baada ya yeye kuacha kukimbia. Wanamagongo waliokuwa Moscow pamoja naye hutapata hata mmoja.

Nianze na gongo lenyewe. Lugha yetu haina umaskini wa majina ya miti ya kushika. Fimbo ni nyembamba, ya kutembelea au ya kuchapia. Bakora ina mpini uliopinda na heshima yake. Mkongojo ni wa mzee au mgonjwa. Rungu lina kichwa kizito. Mchi hauondoki penye kinu. Gongo ni mti mnene, mzito, uliokatwa kwa ajili ya kupiga, na aliyelichagua kwa mchezo huu alisikiliza uzito kuliko umbo, kwa sababu umbo la chombo chenyewe ni jingine kabisa. Kimepinda chini. Kwa umbo kinaelekea zaidi ngoe au upembo, ule ufito wenye ncha ya kukunja ambao huku Rungwe utauona ukiegemezwa kwenye shina la mparachichi wakati wa kuangua. Ngoe inavuta, gongo linapiga. Mchezaji hodari wa hoki hufanya yote mawili, na kuvuta ndiko kunakochukua muda mrefu wa mechi.

Nilimpelekea fundi seremala mmoja wa Kiwira picha ya kifaa hicho nikamwomba anichongee cha mfano. Aliigeuza picha, akaiweka kando, akauliza: “Mwalimu, hiki ni cha kuangulia au cha kupigia?” Nikamjibu ni cha kupigia mpira chini, pasipo kuunyanyua. Akachagua tawi la mpera lililojipinda lenyewe, akasema mti ukiupinda kwa nguvu utarudi, na uliopinda ukiwa unakua haurudi. Alipofika kwenye kichwa akataka kujua kama upande wa pili nao ulainishwe. Nikamwambia upande wa kushoto tu ndio unaopiga. Huo uwe bapa, wa kulia uache na mviringo wake. “Basi huu ni ubapa,” akasema, akipitisha kidole juu yake, “na huku ni mgongo.”

Nilikuwa nimetafuta istilahi hizo mbili vitabuni bila kuzipata. Sheria ya hoki inakataza kuugusa mpira kwa upande wa mviringo, ukiugusa, umekosa. Kila anayeshika panga anajua tofauti ya makali, ubapa na mgongo, kwa hiyo kijana wa Kiwira hahitaji kufundishwa neno jipya ili aielewe sheria hiyo. Mwambie apige kwa ubapa, asipige kwa mgongo wa gongo. Amekwisha elewa.

Kuna jambo jingine kuhusu chombo hiki ambalo mpenda maneno hawezi kulipita. Magongo ya zamani, yaliyochongwa India na Pakistan, yalikuwa na kichwa cha mforosadi na mpini wa henzirani uliopachikwa vipande vya mpira kati ya ufito na ufito ili kupunguza mtetemo mikononi. Wakati huohuo tufe lililochezewa lilikuwa la kizibo na nyuzi zilizokazwa, likavikwa ngozi. Mpira wenyewe, ule utomvu wa mti ulioipa michezo yetu yote jina, ulikuwa ndani ya gongo, na kile tulichokiita mpira hakikuwa na mpira. Leo tufe ni la plastiki ngumu, la uzito wa gramu 156 hadi 163, na magongo mengi ya mashindano ni ya nyuzi za kaboni. Majina yamebaki palepale wakati vitu vimebadilika chini yake. Hili halinisumbui. Neno mpira liliacha kuwa jina la utomvu tu tangu zamani, ndiyo maana tunalo katika bomba la kumwagilia bustani na katika viatu vya mvua.

Linalonisumbua ni umoja na wingi. Wingi, magongo, unasomeka vizuri. Umoja, gongo, kwa Mtanzania una jirani mbaya: ni pombe haramu ya kukenekwa, na ndiyo maana ya kwanza inayomjia mtu akisikia mwenzake amekamatwa na gongo. Mwandishi wa habari anayetaka kusema mchezaji aliangusha gongo lake anasita, kisha anaandika fimbo, na msomaji anapata picha ya mchungaji wa ng'ombe. Kenya hawana mzigo huo kwa sababu pombe hiyo wao huiita chang'aa. Nadhani hiyo ni sababu mojawapo inayofanya istilahi ya magongo itembee kwa uhuru zaidi katika magazeti ya Kiswahili ya Nairobi kuliko ya Dar es Salaam. Sababu kubwa zaidi, bila shaka, ni kwamba wao wameucheza mchezo huu zaidi.

Tena magongo ni yale ya kwapani, ya mtu aliyepoteza mguu. Mwaka 2022 timu ya Tanzania ya soka la wenye ulemavu, Tembo Warriors, ilifika robo fainali ya Kombe la Dunia nchini Uturuki, na watu wengi walioona picha zile waliamini ndio huo mpira wa magongo. Huwezi kuwalaumu. Wachezaji wako uwanjani, mpira upo, na magongo ni mawili kwa kila mmoja isipokuwa kipa. Lakini sheria za michezo hii miwili zinapishana kabisa. Katika soka la wenye ulemavu ukiupiga mpira kwa gongo makusudi umefanya kosa, kama aliyeushika kwa mkono. Katika hoki ukiupiga kwa mguu umefanya kosa, isipokuwa wewe ni kipa. Huku mguu ndio unaoruhusiwa na gongo limekatazwa. Kule gongo ndilo linaloruhusiwa na mguu umekatazwa. Kwa ajili ya Tembo Warriors peke yao, ambao wamestahili jina lisilochanganywa na la wengine, niko tayari kuandika hoki mara ya kwanza katika habari, kisha mpira wa magongo baadaye, msomaji akishajua tunazungumza nini.

Sasa nimtaje mtu, kwa sababu istilahi isiyo na mtu ndani yake ni ganda tupu.

Avtar Singh Sohal, ambaye wenzake walimwita Tari, alizaliwa mwaka 1938 na akaichezea Kenya hoki katika Olimpiki nne mfululizo: Roma 1960, Tokyo 1964, Mexico 1968 na Munich 1972. Katika tatu za mwisho alikuwa nahodha. Alicheza nyuma. Kwa Kiswahili tunasema beki, na hapa neno la soka linakaa bila kuvuja, kwa kuwa kazi ni ileile ya kuziba njia na kusoma nia ya mtu anayekujia na mpira. Kenya ilikuwa imeanza safari hiyo Melbourne mwaka 1956, Olimpiki yake ya kwanza katika mchezo wowote. Tokyo ilimaliza ya 6. Mwaka 1971, Kombe la Dunia la kwanza la hoki lilipochezwa Barcelona, Kenya ilifika nusu fainali, ikafungwa na Hispania bao 1 kwa 0, kisha ikapoteza nafasi ya tatu kwa India, mabao 2 kwa 1. Ya nne duniani. Timu za Afrika Mashariki zilizosimama juu kiasi hicho, katika mchezo wowote unaochezwa na watu kumi na mmoja, ni chache mno.

Jaribu sasa kuisimulia kazi ya Sohal kwa maneno yetu ya michezo. Kuvaa jezi ya taifa: sawa. Nahodha: sawa, na ni neno la bahari, la mwenye chombo, linalomfaa mtu aliyeongoza timu katika Olimpiki tatu. Mkongwe: sawa. Kupiga chenga: linafaa kuliko hata kwenye soka, kwa sababu mwenye gongo huuhamisha mpira kulia na kushoto akiligeuza gongo juu chini kila mara ili ubapa ndio uguse. Lakini kusakata kabumbu hakufai. Gozi nalo ni la soka. Kanzu, ile ya kumpitishia mtu mpira juu ya kichwa, ni hatari ukiipiga kwa gongo la mforosadi, na mwamuzi atapuliza. Tobo linabaki. Na ile “ndani ya kumi na nane” ya watangazaji wetu inakataa kabisa.

Hapo pana utajiri wa kuchimbwa. Kumi na nane ya soka ni yadi, masalia ya vipimo vya Kiingereza vilivyokwisha sahauliwa kila mahali isipokuwa midomoni mwa watangazaji. Hoki ina eneo lake la umbo la nusu duara, lililochorwa mita 14.63 kutoka golini, ambazo ni yadi kumi na sita kamili. Bao halihesabiwi mpaka mshambuliaji aguse mpira ndani ya eneo hilo. Unaweza kuupiga kutoka katikati ya uwanja ukaingia moja kwa moja wavuni, na hakuna bao. Hebu fikiria mtangazaji akisema “yumo ndani ya kumi na sita.” Shabiki wa soka angejua papo hapo kwamba sasa mambo ni mazito, na angejua pia kwamba huu ni mchezo mwingine. Wengine wanasema duara. Duara ni sahihi kwa jiometri, ila halimfanyi mtu asimame kutoka kitini.

Kona fupi nayo nimeisikia ikitumika, na naipenda. Ni adhabu: mshambuliaji mmoja anautoa mpira kwenye mstari wa mwisho wa uwanja, mita 10 kutoka kwenye nguzo ya goli, wenzake wanausubiri nje ya duara, na walinzi watano tu, pamoja na kipa, wanakaa nyuma ya mstari mpaka mpira utoke. Waliobaki wanarudishwa hadi katikati ya uwanja. Ni kama dakika ndogo iliyotengwa ndani ya mechi. Jina kona fupi linaeleza kitu kwa maneno ambayo kila mtu anayo tayari, bila hata herufi moja ya ziada.

Na kuna neno lililokufa. Sohal na wenzake walicheza katika enzi ya kuotea. Hoki ilikuwa na sheria ya kuotea kama soka, ikaifuta katika miaka ya 1990. Kwa hiyo tukisimulia mechi ya Barcelona lazima tulitumie neno kuotea, na tukisimulia mechi ya juzi lazima tuliache. Mwanafunzi wa istilahi anapaswa kulijua hili: orodha ya maneno ya mchezo ina tarehe.

Turudi Moscow. Mwaka 1980 nchi nyingi zilisusia Olimpiki kwa sababu ya jeshi la Kisovieti kuingia Afghanistan, na Kenya ilikuwa mojawapo. Miaka minne kabla yake nchi za Afrika, Tanzania ikiwa mstari wa mbele, zilikuwa zimesusia Montreal kwa sababu ya timu ya raga ya New Zealand kuzuru Afrika Kusini ya ubaguzi. Kususia ni kitenzi chenye hasira na heshima pamoja, nami nakiona ni bora kuliko kugomea. Kinaingia katika wasifu wa kila mwanamichezo wa kanda hii wa miaka ile. Ukihesabu Olimpiki za Mkenya aliyekuwa hodari mwaka 1976 na 1980 utapata mbili alizozisusia kwa amri ya nchi, na huo ndio ulikuwa umri wake wa kucheza. Pengo lile likajazwa na wengine, na Tanzania ikaingia katika mpira wa magongo wa wanaume, timu sita tu. Kwa upande wa wanawake, ambao hiyo ndiyo ilikuwa mara yao ya kwanza kuruhusiwa kucheza hoki katika Olimpiki, Zimbabwe iliyokuwa imepata uhuru miezi michache tu nyuma ikachukua dhahabu.

Vijana wetu walifungwa na India mabao 18 kwa 0. Walimaliza wa sita. India ikatwaa ubingwa. Kikosi kile kilikuwa na Leopold Gracias, Abraham Sykes, Soter da Silva, Jasbir Virdee, Taherali Hassanali, Patrick Toto, Julius Peter na wengine, majina ambayo ukiyasoma kwa sauti unaisikia Dar es Salaam ya wakati ule: Wagoa, Masingasinga, Wahindi Waislamu, Waafrika wa bara na pwani, wote wakiwa na jezi moja. Michezo hiyohiyo ilimpa Bayi medali ya fedha katika mita 3000 za kuruka viunzi na maji, na Suleiman Nyambui fedha katika mita 5000.

Nimewahi kusikia watu wakisema timu ile imesahauliwa kwa sababu ilifungwa vibaya. Sikubaliani. Tumekwisha kufungwa vibaya katika soka na vipigo hivyo tunavisimulia mpaka leo, tena kwa jina la aliyepoteza mpira na dakika yake. Mwaka 1980 Tanzania Bara haikuwa na televisheni. Kilichofika Kiwira kutoka Moscow kilifika kwa redio, yaani kwa maneno matupu, kupitia Radio Tanzania Dar es Salaam. Mbio zinasimulika: nani yuko mbele, nani anamfuata, mizunguko mingapi imebaki. Hata viunzi na maji vinaonekana masikioni. Hoki haikuwa na maneno ya kuingilia sikio la mtu ambaye hajawahi kuuona mchezo huo. Msikilizaji alipata matokeo, kumi na nane bila, na hakupata hata tukio moja la kushikilia: nani aliziba, kipa aliokoa nini, kona fupi ya ngapi ilipanguliwa. Kamusi ya Kiswahili Sanifu yenyewe ilitoka mwaka uliofuata, 1981. Mtangazaji wa wakati ule hakuwa na pa kukimbilia.

Ndiyo maana sioni istilahi kuwa kazi ya kamati peke yake. BAKITA ina wajibu wake tangu 1967 na umefanyika kwa bidii, lakini neno la uwanjani huthibitishwa na anayelipiga kelele. Katika soka kila mtoto anajua kupaza sauti “mkono!” mpira ukigusa mkono wa adui. Katika hoki kilio hicho lazima kiwe “mguu!” Ni neno dogo na ndani yake mna sheria nzima. Darasa la watoto wa Kiwira likishaucheza mchezo huu kwa wiki moja litakuwa linalipiga kelele bila kuambiwa na mtu. Vivyo hivyo kusukuma, pale gongo linapogusa mpira kabla ya kuupeleka; kugonga, pale linapotoka mbali na kuupiga; na kuchota, pale ubapa unapoingia chini ya mpira na kuupandisha juu ya vichwa kwenda sehemu ya wazi. Kuchota ni neno la maji na unga, na mkono unaofanya kazi ile ya hoki unatembea vilevile.

Bado kuna jina la mtu. “Mchezaji wa mpira wa magongo” ni maneno matano na hakuna kichwa cha habari kitakachoyavumilia. Tunaye mwanasoka, mwanariadha, mwanandondi, na magazeti ya Kenya yamekwisha tupa mwanamagongo. Naona litumike pande zote za mpaka. Linaukwepa ule umoja wenye jirani mbaya, na linabeba wingi ambao tayari upo katika jina la mchezo. Lina uzito mdomoni pia, na Avtar Singh Sohal, mwanamagongo wa Olimpiki nne, anastahili neno lenye uzito.

Kuhusu kumaliza kazi ya uchezaji, Kiswahili cha Tanzania kina msemo mzuri, kutundika daluga. Umetoka kwenye soka na unawafaa wanamagongo pia, kwani nao huvaa viatu vya meno. Lakini gongo ndilo linalotundikwa kweli. Mtu akiacha kucheza viatu huchakaa vikatupwa, gongo hubaki ukutani, ubapa wake ukionyesha mahali ulipogonga mara nyingi. Kutundika gongo, basi, kwa wachezaji kama Sohal, ambaye baada ya Munich alibaki katika mchezo akifundisha wengine. Na kwa wale wa Moscow, ambao wengi wao tuna majina yao tu, hatua ya kwanza ni kuyaandika majina hayo pamoja na nafasi walizocheza: beki, kiungo, mshambuliaji, kipa. Maneno hayo manne tunayo tayari, na waliocheza nao, wale walio hai, bado wanaweza kuulizwa nani alisimama wapi.